Mama, Sitara na Nyumba ya Wazee

Assalaam alaykum, wazee wangu na ndugu zangu.

Mwaka jana nilimwambia mama nimempatia nafasi katika nyumba ya wazee, nzuri, karibu na kwangu. Akanyamaza, kisha akaniuliza: "Mwanangu, nimekukosea nini?"

Mama alitoka Unguja baada ya Mapinduzi ya 1964, akafanya kazi ya usafi hapa London hadi kustaafu. Mimi ni muuguzi. Alikuwa ameshaanguka bafuni mara mbili, na kwangu mimi hapakuwa na la kujadili. Lakini mama akisikia nyumba ya wazee anaiona Sebleni, anaiona Welezo, zile nyumba za wazee za kule Unguja: mahali pa asiye na mtu. Na yeye ana watoto wanne.

Kabla ya hapo alikuwa amemkataa mhudumu aliyeletwa na kaunsili, yaani halmashauri ya mtaa. Nikamwita mkaidi, Mungu anisamehe. Wiki kadhaa zikapita ndipo akaniambia, kwa sauti ya chini, kwamba aliletewa mwanamume aje amuogeshe. Kwa Kiingereza aliweza kusema "hapana" tu. Sitara angeielezaje kwa lugha ile? Hakuna aliyemuuliza kwa Kiswahili. Hata mimi, bintiye, sikumuuliza.

Sheria ya England ya 2005 kuhusu uwezo wa kuamua inamhesabu kila mtu mzima kuwa ana uwezo huo mpaka ithibitike kuwa hana. Uamuzi tunaouona si wa busara hautoshi kuwa ushahidi. Kwa hiyo mtoto, hata awe kifungua mimba, hana kauli ya mwisho kwa sababu tu ni mtoto. Mzazi akitaka tumsemee siku akili zitakapomtoka, aandike uwakala, yaani hati ya kumpa aliyemchagua mamlaka ya kuamua kwa niaba yake, mapema, akiwa na akili timamu, na usajiliwe. Wa afya una waraka wake na wa mali una wake. Nawasihi msichelewe. Nimewauguza wazee wenye ugonjwa wa kusahau ambao Kiingereza kiliwatoka kabla ya lugha ya mama, wakabaki wanaita watu wasiowaelewa.

Siku hizi mama bado yuko kwake; anakuja mhudumu mwanamke kila asubuhi, na mama huoga amejifunga kanga yake. Uwakala wa afya ameniandikia mimi, wa mali kaka yangu. Ila ngazi za kule kwake, naogopa asije akaanguka tena, na hilo bado tunabishana. Juzi tu amenikatia simu.