Galactus: Je, Njaa Ina Hatia?

MWANAHAMISI: Karibuni katika kipindi chetu cha katuni za mashujaa, tukiwa hapa Kinondoni, Dar es Salaam. Leo tunamzungumzia Galactus, mla sayari, na mwenzangu amekuja na msimamo ambao nilikwisha kumwambia tangu mlangoni kwamba siukubali.

GERVAS: Ahsante, dada Mwanahamisi. Ninasema kwamba Galactus hastahili kuwekwa safu moja na Thanos wala Darkseid. Thanos, aliyebuniwa na Jim Starlin mwaka 1973, anaua ili kumridhisha Mauti anayempenda, na Darkseid wa Jack Kirby anataka kuwapokonya viumbe wote hiari yao. Hao wana nia mbaya. Galactus ana njaa tu.

MWANAHAMISI: Anayeliwa hafarijiki kwa kuambiwa kwamba mlaji hakumchukia, kaka. Lakini tuanzie kwenye chimbuko. Galactus alitokea mara ya kwanza katika toleo la 48 la Fantastic Four, katuni ya kundi la mashujaa wanne, lililobeba tarehe ya Machi 1966, kazi ya Stan Lee na Jack Kirby. Wapenzi wa katuni huyataja matoleo ya 48 hadi 50 kana kwamba ni kisa kimoja kilichopimwa kwa rula, ilhali la 48 linaanza kwa kumalizia mambo ya Inhumans, jamii ya viumbe wenye nguvu za ajabu, na la 50, Galactus akishaondoka, linahamia kwa Johnny Storm, mmoja wa mashujaa hao wanne, anayekwenda kuanza chuo kikuu. Dunia imeponea chupuchupu, na kijana anawaza masomo!

GERVAS: Na kuna ile herufi G kubwa iliyochorwa kifuani mwa Galactus. Sijui ni nani angemfananisha na mwingine.

MWANAHAMISI: Hilo tuwasamehe, kwa sababu matoleo hayo hayo yalituletea Silver Surfer. Lee hakuwa amempanga. Kirby ndiye aliyemchora kwa kuona kwamba mkubwa wa kiasi hicho hawezi kusafiri bila mjumbe wa kumtangulia. Sasa tazama kinachotokea mjumbe huyo anapoangukia nyumbani kwa Alicia Masters, mchongaji sanamu asiyeona. Alicia anamkaribisha chakula, kama ambavyo mtu yeyote mwenye adabu angefanya, naye mgeni anashangaa kwa nini watu wahangaike kutafuna kitu kinachoweza kugeuzwa kuwa nishati papo hapo. Hapo mezani ndipo ninapomwelewa Galactus, ingawa mwenyewe hayupo: kwa watu wa namna hiyo sahani na sayari ni kitu kimoja. Alicia hana silaha wala nguvu za ajabu, ila anamsihi, na kusihi huko ndiko kunakomgeuza mjumbe ampinge bwana wake.

GERVAS: Umenipa hoja. Mjumbe aliweza kugeuka kwa sababu alikuwa na uwezo wa kuchagua. Galactus hana, na ndiyo maana ninalithamini sana toleo la 262 la Fantastic Four, la mwanzoni mwa mwaka 1984, lililoandikwa na kuchorwa na John Byrne. Reed Richards, kiongozi wa kundi hilo, anashtakiwa mbele ya walionusurika wa sayari mbalimbali kwa kosa la kuokoa maisha ya Galactus alipokuwa akifa hapa duniani, kwa kuwa baada ya kupona alikwenda kuila sayari kuu ya himaya ya Skrull. Ni nadra katuni ya mashujaa kumwuliza shujaa kwa nini alimhurumia adui.

MWANAHAMISI: Swali ni zuri, jibu ndilo linalonikera. Katika hadithi ya nunda mla watu, sultani alimlinda paka wake kwa kusema kwamba paka ni wake na mifugo anayoila ni yake pia, hadi paka alipowala wanawe. Byrne anamleta Eternity, ambaye ndiye ulimwengu wenyewe, na utetezi wake hauko mbali na wa sultani yule: Galactus ni wangu, nanyi ni wangu. Wote waliopo wanafunuliwa ukweli kwa nukta moja, wanaridhika, na Reed anaachiwa huru, lakini sisi wasomaji hatuonyeshwi ukweli huo. Hakimu gani anatoa hukumu bila kusoma sababu?

GERVAS: Sababu ingeandikwa kwenye kiputo cha maneno, ungeicheka. Isitoshe, katika kesi hiyo hiyo tunaonyeshwa kwamba kila jamii ya viumbe humwona Galactus kwa umbo lake yenyewe. Kitu kinachoonekana hivyo ni sehemu ya maumbile, na maumbile hayapelekwi mahakamani.

MWANAHAMISI: Maumbile hayafanyi mapatano, kaka Gervas. Mwaka 1966 Reed alipomwelekezea Ultimate Nullifier, silaha yenye uwezo wa kumwangamiza, Galactus aliogopa, akaahidi kuiacha dunia kwa sharti la kurudishiwa silaha, kisha kabla ya kuondoka akamfungia Silver Surfer hapa duniani asirudi tena anga za mbali. Kimbunga hakiwekeani masharti na mtu, wala hakimwadhibu mtumishi wake kwa kumwasi.

GERVAS: Hilo la adhabu sina jibu lake leo.

MWANAHAMISI: Basi wiki ijayo utuletee, na uje nalo toleo la 262 lenyewe.