Rufaa Iliyolala Masjala: Leseni za Maduka ya Mgawo India

JUMA: Karibuni tena kipindini. Leo tuko India, kwenye maduka ya chakula cha mgawo. Dada Mwanaidi, leseni ya duka moja inafikaje Mahakama Kuu?

MWANAIDI: Kwa sababu ya kinachopita dukani hapo, kaka. Chini ya Sheria ya Usalama wa Chakula ya 2013, kila mtu katika kaya za kipaumbele ana haki ya kilo 5 za nafaka kwa mwezi. Kaya maskini kabisa hupewa kilo 35 kwa kaya nzima. Leseni ikisimamishwa au kufutwa, wenye kadi huhamishiwa duka la jirani, na muuzaji hubaki bila kipato.

JUMA: Halafu anakata rufaa.

MWANAIDI: Ndiyo, kwa afisa wa serikali anayesikiliza rufaa, si mahakamani. Ana siku 30 tangu apokee uamuzi. Amri ya Udhibiti ya 2015, yaani kanuni za serikali zinazosimamia maduka haya, inataka rufaa iamuliwe ndani ya siku 60, na mhusika asikilizwe kwanza. Lakini siku ya 61 haimrudishii mtu leseni. Jalada halijaletwa kutoka ofisi ya chini, afisa amehamishwa, njoo mwezi ujao. Siku zinayoyoma.

JUMA: Hapo ndipo inapoingia ibara ya 226 ya Katiba ya India, inayoipa Mahakama Kuu uwezo wa kuwaamuru maafisa wa serikali. Anaomba mandamus, amri ya kumlazimisha afisa atimize wajibu wake, kama inavyoombwa kwetu Kenya na Tanzania. Serikali ikidai aanze na rufaa, jibu analo: rufaa ipo, ila imelala.

MWANAIDI: Mradi awe na ushahidi. Aambatanishe uamuzi uliofuta leseni, risiti ya rufaa yenye mhuri na tarehe, barua za kukumbusha, na tarehe zote kesi ilipoahirishwa. Bila ile risiti, wakili wa serikali atasema hakuna rufaa iliyopokelewa, na mambo yataishia hapo.

JUMA: Wengi hudhani mahakama itarudisha leseni.

MWANAIDI: La. Kwa kawaida jaji haingii kwenye madai kwamba mchele ulipunguzwa au daftari lilichezewa. Anaagiza tu afisa aamue ndani ya wiki kadhaa, awasikilize wahusika, aandike sababu. Na mara nyingi muda huanza kuhesabiwa siku nakala iliyothibitishwa ya amri inapofikishwa kwa afisa. Mtu akikaa nyumbani akingoja mahakama impelekee, muda haujaanza hata kidogo.

JUMA: Mimi naona kosa kubwa liko mapema zaidi: kuomba uharakishaji bila kuomba zuio.

MWANAIDI: Kabisa! Amri ile ile ya 2015 inairuhusu mamlaka ya rufaa kusitisha utekelezaji wa uamuzi wakati rufaa inaendelea. Usipoomba, duka linaweza kupewa mtu mwingine, nawe umejiongezea mgogoro wa pili. Mwaka 2015 Mahakama ya Juu ya India ilisema aliyepewa duka baadaye hana haki yake mwenyewe ya kuunganishwa kwenye kesi ya muuzaji wa awali. Mwaka 2022 ikatofautisha: kama alipewa kwa utaratibu kamili, si kwa kushikilia kwa muda, lazima asikilizwe.

JUMA: Kwa hiyo ukimwacha nje, ushindi wako unaweza kubatilishwa.

MWANAIDI: Ndiyo. Kagua kwanza hati ya uteuzi ya huyo aliyepewa duka.

JUMA: Na afisa akipuuza muda aliopewa?

MWANAIDI: Unafungua shauri la kudharau mahakama ndani ya mwaka mmoja, chini ya sheria ya 1971. Wito ukimfikia tu, uamuzi huandikwa haraka, wakati mwingine mstari mmoja: rufaa imekataliwa.

JUMA: Hiyo si dharau pia?

MWANAIDI: Aliambiwa aamue, naye ameamua. Ubaya wa uamuzi wenyewe, kwa mfano kukosa sababu, mara nyingi hudaiwa kwa ombi jipya linaloupinga uamuzi huo. Ndipo mahakama inaweza kuufuta na kulirudisha jalada kwa afisa yule yule.