Tafuta mifupa na misuli yako kwa vidole vyako mwenyewe

Haya mambo vipi watu wangu, karibuni sana, leo sitaki ushike daftari wala kalamu, nataka utafute stuli au kiti kisicho na mikono, uvae fulana nyepesi na kaptula au ujifunge kanga, vua viatu kabisa, halafu andaa vidole vyako maana tunaenda kutafuta mifupa na misuli kwenye mwili wako wewe mwenyewe, tunaanzia kwenye taya tunashuka mpaka kisigino. Mimi kazi yangu ni fiziotherapia, na karibu kila siku anakuja mtu ananiambia nyonga inaniuma, nikimwambia haya nioneshe, mmoja anashika mgongo kwa chini, mwingine anashika tako, mwingine paja, na hizo ni sehemu tatu tofauti na kila moja ina matibabu yake. Ndo maana nimeirekodi hii video.

Kabla hatujaanza shika hiki kitu kimoja, mfupa ni mgumu muda wote, msuli unakuwa mgumu ukifanya kazi na ukiuachia unalegea. Kwahiyo kila tutakapofika utabonyeza taratibu, halafu unasogeza hicho kiungo, unasikiliza nini kimebadilika chini ya vidole. Na usiogope neno msuli, ile steki unayonunua buchani ni msuli, na sarara ni msuli, tutairudia hiyo sarara huko mbele. Mtu mzima ana mifupa 206 na misuli zaidi ya 600, hatuwezi kuitafuta yote na mingine huifikii hata ufanyeje, kuna kamfupa kako ndani ya sikio kana kama milimita 3 tu. Na kama una sehemu imevunjika, imevimba au inauma sana, hiyo iruke, usiibonyeze.

Twende. Weka vidole mbele ya matundu ya masikio, pande zote mbili, fungua mdomo, funga, fungua tena. Umesikia kuna kitu kinateleza hapo? Hicho ni kichwa cha taya la chini, na ukiacha vile vifupa vya ndani ya masikio fuvu lina mifupa 22 lakini unaocheza ni huo mmoja tu, mingine imeshikana. Sasa shusha vidole kwenye shavu kwa nyuma, uma meno kwa nguvu, kile kinachotuna ni msuli wa kutafunia.

Shingo. Hapa naomba ufanye upande mmoja mmoja na usikabe, kuna mishipa mikubwa ya damu inayopanda kwenye ubongo. Geuza uso wako kushoto kabisa, halafu gusa shingo upande wa kulia, utakutana na kamba nene inayotoka nyuma ya sikio inashuka mpaka juu ya kidari. Sasa jiulize, uso umeangalia kushoto, mbona msuli uliokaza ni wa kulia? Kwa sababu msuli kazi yake ni kuvuta tu, hausukumi hata siku moja, huo wa kulia umekivuta kile kifupa cha nyuma ya sikio kuja mbele na kichwa kikageuka. Ukilielewa hili mwili wote unakuwa rahisi, kila ukiona kiungo kinaenda upande fulani tafuta nani anavuta.

Hapo chini ya shingo kuna kishimo katikati, weka kidole. Kutoka hapo fuata mfupa unaokwenda pembeni mpaka begani, huo ni mtulinga, na ukiufuata vizuri utaona umejipinda pinda sio mnyoofu. Huo mfupa nauona sana kwa watu walioanguka na bodaboda, mtu anaanguka anajikinga na mkono au anatua na bega, nguvu yote inapitia hapo na mtulinga unakatika. Rudi kwenye kishimo, shuka kama sentimita 5 juu ya kidari mpaka usikie kituta kidogo kimekatiza, ukienda pembeni kutoka kwenye hicho kituta upo kwenye ubavu wa 2. Ule wa kwanza umejificha chini ya mtulinga kwahiyo sisi tunahesabu kuanzia hapa kushuka, na zote ni jozi 12, mwanaume jozi 12 na mwanamke jozi 12, nalisema hili kwa sababu bado naulizwa sana kama mwanaume amepungukiwa ubavu mmoja, hapana, hajapungukiwa.

Sasa mkono, hapa usiharakishe. Kunja kiwiko kiwe kama herufi L, mkono wa pili ushike ule msuli wa mbele, ule wa kuoneshea kwamba una nguvu, baisepsi. Bila kunyanyua kitu chochote geuza kiganja kiangalie chini, sasa kigeuze kiangalie juu kwa nguvu kama unakaza skrubu na bisibisi. Unaona umetuna? Watu wengi wa jimu wanajua baisepsi inakunja kiwiko tu, kumbe kugeuza kiganja juu ni kazi yake kubwa kabisa. Halafu weka ngumi juu ya meza uikandamize chini, shika nyuma ya mkono, saa hii wa nyuma ndo umekaza na wa mbele umelegea, wanapokezana, mmoja anavuta kukunja mwenzake anavuta kunyoosha.

Shuka kwenye mkono wa chini, karibu na kiwiko, ushike wote kwa kiganja kisha chezesha vidole kama unapiga kinanda. Huko unakosikia kunacheza cheza ndo kuna misuli inayokunja vidole vyako, iko mbali na vidole inavivuta kwa kano ndefu, yaani zile kamba zinazounganisha msuli na mfupa, zinazopita kwenye kifundo cha mkono. Gusanisha kidole gumba na kidole cha mwisho, kunja kiganja kuja kwako kidogo, wengi wenu mtaona kano moja imesimama katikati kabisa, na kama haipo usishtuke, kuna watu wamezaliwa bila huo msuli na mikono yao inafanya kazi vizuri kabisa. Kila mkono kuanzia hapo kwenye kifundo una mifupa 27, unyayo 26, piga hesabu ya mikono miwili na nyayo mbili unapata 106, zaidi ya nusu ya mifupa yako yote iko huko mwishoni.

Haya sasa nyonga, mama zangu na baba zangu naomba mnisikilize hapa. Simama, shika kiuno, vidole mbele na gumba nyuma, halafu bonyeza kushuka mpaka ukutane na mfupa mpana, huo ni ukingo wa juu wa nyonga. Zile gumba zikikutana nyuma kwenye uti wa mgongo upo karibu na pingili ya 4 ya kiuno, sasa maumivu ya hapo ni ya mgongo. Kaa chini juu ya viganja vyako, utasikia mifupa miwili inakukanyaga, hiyo ndo inabeba uzito ukikaa. Na kiungo chenyewe cha nyonga, pale mfupa wa paja unapoingia kwenye tundu lake, kiko mbele kwa ndani, kwenye ule mkunjo wa paja, ndo maana kiungo cha nyonga kikiumwa wengi wanasikia maumivu kwenye kinena. Ukiwa umekaa nyanyua goti moja juu taratibu, huo unaonyanyua ndo ile sarara yetu, unatoka kwenye pingili za kiuno unapita mbele ya nyonga mpaka juu ya mfupa wa paja, uko ndani sana, na kwa ng'ombe haufanyi kazi nyingi ndo maana unakuta ni laini na unauzwa ghali. Siku ukienda hospitali weka kidole kimoja panapouma, usiseme nyonga tu ukaachia hapo.

Paja, nyoosha mguu juu ya kochi, legeza kabisa, shika pia ya goti na uisukume huku na huku, inatembea. Kaza paja sasa, haiendi popote, kwa sababu imekaa ndani ya kano ya ile misuli minne ya mbele ya paja na ikivuta inaibana. Fuata kano hiyo chini utakuta kinundu, na kuanzia hapo unaingia kwenye muundi, pitisha kidole upande wa ndani mpaka chini, ni ngozi na mfupa tu hakuna nyama, wacheza mpira mnajua buti la hapo linavyouma.

Kifundo cha mguu kina nundu mbili, ya ndani ni mwisho wa muundi, ya nje ni mwisho wa ule mfupa mwembamba wa pembeni, na ukilinganisha ya nje imeshuka chini zaidi, inazuia unyayo usipinduke nje, kwahiyo ukikanyaga shimo vibaya mguu unapindukia ndani na kinachovimba ni upande wa nje.

Mwisho shika ukuta, simama kwa vidole vya miguu, mkono mmoja shika shavu la mguu, fuata chini mpaka linakuwa kamba ngumu juu ya kisigino, hiyo kano ni nene na imara kuliko kano zote mwilini. Shuka, kunja magoti kidogo, panda tena hivyo hivyo, mara hii lile shavu la juu linakaza kidogo tu na kazi kubwa inafanywa na msuli wa chini yake. Rudia mguu wa pili.