Namasagali: reli iliyouliwa na reli

ZAI: ...inarekodi? Haya. Karibuni tena jamani, mimi ni Zai, niko hapa Jinja, Uganda, na huyo mnayemsikia anatafuna karanga karibu na maiki ni Wafula.

WAFULA: Nimemaliza, nimemaliza. Wakubwa wote shikamooni, wengine mambo vipi. Leo mada ni ya Dada Zai, maana alienda Namasagali juzi na tangu arudi hatupumui, kila saa ni reli, reli, reli.

ZAI: Acha nieleze basi. Mimi hiyo njia ya reli ya Jinja mpaka Namasagali nimeisikia tangu niko mdogo. Pale Walukuba, mtaa wa hapa Jinja tulipokuwa tunakaa, babu alikuwa ameshastaafu, yeye alikuwa kwenye genge la kukagua njia, mnyapara anawaamsha alfajiri wanatembea na nyundo wanagonga zile kabari za chuma zinazoshika reli kwenye taruma, yale magogo au vyuma vinavyolala chini ya reli, mmoja mmoja, maili nzima. Anasema sikio ndilo lilikuwa linamwambia, iliyokaza inalia, iliyolegea inasema "tup". Basi hata uzeeni ukimpa kikombe cha chai lazima akigonge kwanza na kucha.

WAFULA: Hahaha, mzee anakagua kikombe!

ZAI: Sasa nikachukua taxi mpaka Kamuli, halafu boda, vumbi jekundu mpaka kwenye meno. Na njiani nikapita shule moja ya msingi, kengele yao ni kipande cha reli kimening'inizwa kwenye mwembe kwa waya. Mtoto akaja na bolti kubwa akagonga. Banange, sauti ile ile ya babu! Imekaza.

WAFULA: Subiri, hebu tuwasaidie wasiojua. Namasagali iko wapi na reli ilifuata nini huko? Maana ukiangalia ramani leo ni kijiji kando ya Nile, basi.

ZAI: Ndiyo swali lenyewe. Reli ya kutoka Mombasa ilianza 1896 ikafika Kisumu 1901, na Kisumu wakati huo ilikuwa bado upande wa Uganda, ilihamishiwa Kenya 1902. Kwa hiyo iliitwa reli ya Uganda lakini Uganda yenyewe tunayoijua leo ilikuwa haijaona hata taruma moja. Kutoka Kisumu unapanda meli. Halafu pamba ikaanza kulimwa kwa nguvu, mbegu zilikuja 1903 hivi, na Busoga na Teso zikashika kweli kweli. Sasa pamba ya Teso utaitoaje? Barabara hakuna, watu wanabeba kichwani.

WAFULA: Si kuna Nile? Weka kwenye boti ishuke.

ZAI: Ishuke kwenda wapi, Sudan? Bahari iko upande mwingine, pamba inatakiwa ipande kuja Jinja. Na kati ya Jinja na Namasagali mto una maporomoko, maji yanaruka kwenye mawe, boti haipiti. Ila kuanzia Namasagali mto unatulia, unaingia ziwa Kyoga, meli inatembea vizuri mpaka Masindi Port. Kwa hiyo walichofanya wakajenga reli ya kuruka yale maporomoko tu, Jinja mpaka Namasagali, kama maili 60, walianza 1910 ikafunguliwa 1912. Ndiyo reli ya kwanza ndani ya Uganda ya leo, na haikuunganishwa na reli nyingine yoyote! Maji huku, maji huku, katikati reli peke yake.

WAFULA: Kama daraja lakini la urefu.

ZAI: Eeh. Sasa hesabu na mimi, robota la pamba la Teso. Linapakiwa kwenye meli ya Kyoga. Namasagali linashushwa, linapakiwa kwenye behewa. Jinja linashushwa, linapakiwa kwenye meli ya ziwa Victoria. Kisumu linashushwa, linapakiwa kwenye behewa lingine. Mombasa linashushwa, linapakiwa kwenye meli ya Uingereza. Na kila kushusha na kupakia ni mgongo wa mtu.

WAFULA: Na kila mgongo una bosi anayehesabu. Lakini watu si walikuwa wanapanda pia? Isiwe pamba tu.

ZAI: Walipanda, daraja la tatu, na kuku na ndizi. Tena ilikuwa njia kubwa, mtu anayetaka kwenda Congo au Sudan anashuka Namasagali, meli ya Kyoga mpaka Masindi Port, kutoka hapo gari ya barabara kupitia Masindi mpaka Butiaba kwenye ziwa Albert, halafu meli tena. Hata Hemingway yule mwandishi Mmarekani, 1954 ndege yake ilianguka karibu na maporomoko ya Murchison, meli ndiyo ikamleta Butiaba, akapanda ndege nyingine hapo nayo ikashika moto.

WAFULA: Huyo angepanda gari ya moshi tu.

ZAI: Kabisa! Eti "gari ya moshi", unajua Waganda wanasema eggaali y'omukka, neno kwa neno ni gari ya moshi, wameichukua kwetu wakaivalisha.

WAFULA: Sasa usidai ni yako, Kiswahili nacho gari kimelitoa India. Haya twende, nani aliua Namasagali? Mimi siku zote nilisikia ni mafuriko.

ZAI: Mafuriko ndiyo yalizika, maiti ilikuwa tayari iko pale. Huku si kwenu Tororo? Wenyewe ndio mlioiua.

WAFULA: Sisi tena?

ZAI: Nyinyi. Reli kubwa ilipoacha kuishia Kisumu, ikakatiza Nakuru, Eldoret, ikaingia kwa Tororo, 1928 ikaungana na ile yetu pale Mbulamuti, kati ya Jinja na Namasagali. Sawa, hapo tulifurahi, behewa sasa linatoka Busoga mpaka Mombasa bila kugusa maji. 1931 daraja la Jinja likakamilika treni ikaingia Kampala. Lakini katikati hapo, 1929, wakatoa tawi Tororo mpaka Soroti. Soroti, kaka! Pale pale kwenye pamba ya Teso. Sasa mkulima wa Soroti ataipelekaje pamba kwenye meli ya Kyoga na treni iko mlangoni?

WAFULA: Aaah. Kumbe mteja wenu mkubwa ndiye aliyehama.

ZAI: Ndiyo. Watu hupenda kusema lori ndilo lililoua matawi ya reli, na kweli lori lilikuja kumalizia, ila la kwetu lilinyonywa na tawi jingine la reli. Miaka thelathini ikajiendea tu na mizigo ya Congo na ya Lango, halafu mwishoni mwa 1961 mvua ile, maziwa yote yakapanda, Victoria ilipanda zaidi ya mita mbili, gati za Kyoga na Butiaba zikaingia majini. Nani atajenga upya? Maana tayari walikuwa wanaivuta ile ya Soroti kwenda Lira, Gulu, mpaka Pakwach, ilifika 1964. Yaani mzunguko wote wa meli ya Kyoga na gari ya Masindi ukabaki hauna kazi. Wakang'oa. Zile karakana na stoo za bandari zikawa shule ya sekondari, watoto wakasoma ndani ya stoo za pamba.

WAFULA: Mimi nitatetea kidogo hapa. Tawi kama la Kampala mpaka Kasese kule magharibi, 1951 mpaka 1956, wamejaza udongo kwenye madimbwi ya mafunjo mpaka basi, yote kwa ajili ya shaba ya Kilembe ije iyeyushwe hapo Jinja kwa umeme wa bwawa la Owen Falls. Shaba ilipoisha hamu, reli nayo ikachoka. Lakini wale watu wa Fort Portal waliopanda ile treni ya usiku kuja Kampala na magunia yao walifaidi, hata kama hakuna aliyewafikiria wakati wa kuchora ramani.

ZAI: Sipingi. Babu mwenyewe alijenga nyumba kwa mshahara ule. Ninachosema ni kwamba stesheni iliwekwa panapokusanywa mzigo, mtu akitaka kupanda aje hapo hapo. Nilionyeshwa tuta pale karibu na Mbulamuti, refu, limenyooka kama rula katikati ya miwa, wewe unajua hakuna mto wala ng'ombe anayenyooka hivyo. Watu wamepanda mihogo juu yake kwa sababu maji hayasimami. Na mataruma ya chuma, dada mmoja ameyafanya kizingiti cha jiko, yamekunjwa pembeni vizuri, sufuria haiteleza.

WAFULA: Haitelezi, useme haitelezi, watu wa Mombasa wanatusikiliza.

ZAI: Watusamehe, sisi ni wa Walukuba.

WAFULA: Na hii reli mpya ya SGR, ile ya kisasa yenye njia pana, ulimwambia mzee? Mkataba na kampuni ya Yapı Merkezi ya Uturuki ulisainiwa Oktoba 2024, Malaba mpaka Kampala, kilomita 272.

ZAI: Nilimwambia. Akauliza itasimama wapi na wapi. Nikamwambia babu, wanasema zaidi ni ya makontena. Akachukua kikombe, akagonga, akanywa chai.

WAFULA: Haya. Wiki ijayo tunaenda Port Bell, bandari ya Kampala kwenye ziwa Victoria, zile meli zilizokuwa zinabeba mabehewa mazima, Kaawa, Pamba na Kabalega, na vile Kabalega ilivyozama 2005 baada ya kugongana na Kaawa. Zai, rudisha karanga zangu.