Ukuta umeanguka, na kiwandani je? Wafanyakazi wa Ujerumani Mashariki baada ya 1990

Haya jamani tuendelee, habari ya ukuta wa Berlin 1989 kila mtu anaijua, watu wanacheza juu ya ukuta, basi, stori imeisha. Mi leo nataka tumuangalie yule aliyekuwa anaamka alfajiri kwenda kiwandani.

Ujerumani Mashariki, haohao waliojenga maghorofa ya Kikwajuni kule Unguja, kiwanda hakikuwa mshahara tu. Mtoto analelewa chekechea ya kiwanda, ukiumwa kuna kliniki ya kiwanda, hata likizo ya kwenda beach unapangiwa kupitia chama cha wafanyakazi. Sasa kikifungwa hicho hujapoteza kazi peke yake.

Tarehe 1 Julai 1990 ikaingia Dmaki, pesa ya Ujerumani Magharibi, mshahara ukabadilishwa maki moja ya mashariki kwa Dmaki moja. Na hawakulazimishwa bwana, wenyewe waliandamana wakisema isipokuja sisi tunaifuata! Ila wateja wa viwanda vyao walikuwa Wasovieti na Wapolandi, Dmaki watatoa wapi? Na nyumbani nako kila mtu kakimbilia vitu vya magharibi, yaani fundi wa mji wa Zwickau anayeunda Trabant, gari la kwao, mwenyewe halitaki tena, anatafuta Volkswagen ya mtumba, Aprili 1991 laini ya kuunda Trabant ikazimwa.

Kampuni kama 8,000 zenye watu milioni 4 zilikabidhiwa shirika moja la serikali, Treuhand, liziuze au lizifunge, na kufikia mwisho wa 1994 ajira nyingi zilishayeyuka. Halafu kulikuwa na kitu cha ajabu, mtu kwenye makaratasi bado mwajiriwa lakini masaa yake ya kazi ni sifuri, analipwa posho akae nyumbani, kwa hiyo kwenye takwimu za wasio na kazi humuoni.

Tuwe wakweli, dhiki kama ya Urusi ya miaka ile hawakuiona, pesa za magharibi zilimwagwa na wastaafu wengi walifaidi. Lakini watoto waliozaliwa walishuka kutoka karibu laki 2 mwaka 1989 hadi chini ya elfu 80 mwaka 1994, hapo mjue akina mama walishapiga hesabu zao. Wachimba potashi, madini ya mbolea, wa kijiji cha Bischofferode 1993 waligoma mpaka kula, mgodi ukafungwa vilevile.

Na wale vijana wa Msumbiji waliokuwa wanafanya kazi hukohuko je? Walikatwa sehemu kubwa ya mshahara wakaambiwa mtalipwa mkirudi kwenu, wakarudishwa, wengi hela yao yote hawakuiona, ndio hao wanaoitwa Madgermanes wameandamana Maputo miaka na miaka. Haya, nani ana swali?