Viungo vya mashine iliyojivunja

Mabibi na mabwana, tuanzie jalalani. Jean Tinguely wa Uswisi aliokota vyuma chakavu kwenye majalala ya New Jersey, akaviunga katika bustani ya Jumba la Makumbusho ya Sanaa za Kisasa, New York. Sanamu ilifika kimo cha meta 8 na upana wa meta 7: magurudumu 80 hivi ya baiskeli na vigari, beseni la kuogea, piano, mota kadhaa, vyote vimepakwa rangi nyeupe. Jioni ya Machi 17, 1960 iliwashwa ijivunje yenyewe.

Watu husimulia moshi na makelele. Sisi mafundi tutazame viungo, kwani mashine ya kuanguka kwa wakati wake huumiza kichwa kuliko ya kusimama: lazima iwe imara mpaka dakika ileile. Mhandisi Billy Klüver na wenzake walikata mihimili, wakaiunga upya kwa aloi, yaani mchanganyiko wa metali, ya bismuti, risasi, bati na kadimi, ambayo huyeyuka kwenye nyuzi 70 hivi za Selsiasi. Maji ya chai yanaiyeyusha! Kando ya kiungo iliwekwa rezista, kipande kinachozuia umeme na kupata joto. Umeme ukipita, rezista inapata moto, kiungo kinaachia. Mkitaka kujaribu, tafuteni aloi isiyo na kadimi, maana mvuke wa kadimi ni sumu ya mapafu.

Kilichogoma siku ile ni kitu kidogo tu. Mashine ya kuchora iliyokuwa ndani ya sanamu ilivishwa mkanda kinyume, karatasi ikajiviringisha kurudi juu badala ya kuteremka. Mkanda ukipishana kama tarakimu nane, puli ya pili, yaani gurudumu linalopokea mkanda, inageuka upande mwingine. Izungusheni mashine kwa mkono kabla ya kuwasha umeme. Piano nayo ilishika moto, mzima moto akaingilia, na baada ya dakika 27 kazi ikawa imekwisha.

Kwa sanamu inayosogea na kudumu, chukueni mota ya waipa ya gari, volti 12: gia yake ya ndani hupunguza kasi na kuongeza nguvu. Nguvu hiyo ndiyo hatari yake. Mkono wa sanamu ukikwama, mkanda wa kuuendesha uliokazwa sana hauiachi mota ipumue, nyaya zake zinaungua. Uliolegea kidogo unateleza tu. Mlio mnaousikia kwenye sanamu iliyo hapa mezani ni wa mkanda kuteleza hivyo. Msikimbilie kuukaza, ondoeni kwanza kilichokwamisha.