Nyumba Zilizokaa Upande: Weeksville, Brooklyn

Ndugu zangu, asanteni kwa kunipa nafasi hii. Naomba tuanzie angani.

Mwaka 1968, mwanahistoria James Hurley alipanda ndege ndogo na rubani Joseph Haynes, wakazunguka juu ya Brooklyn, New York. Walikuwa wanatafuta kijiji kilichosahaulika. Mitaa ya huko imenyooshwa kama kwa rula, kila nyumba imeipa barabara uso. Katikati ya mpangilio huo wakaona nyumba chache za mbao, kuukuu, zimekaa upande. Hazikuutazama mtaa wowote uliokuwapo. Zilitazama Hunterfly Road, njia ya zamani iliyotangulia mitaa hiyo, nayo ilikuwa imebaki kipande tu cha uchochoro.

Hiyo ndiyo Weeksville, kijiji kilichoanzishwa na Wamarekani weusi huru.

Tujiulize, watu hao walifuata nini huko, wakati huo pakiwa nje ya mji? Utumwa ulikomeshwa katika jimbo la New York tarehe 4 Julai 1827. Lakini katiba ya jimbo ya mwaka 1821 ilikuwa imeweka sharti: mwanamume mweusi hapigi kura mpaka awe na mali isiyohamishika yenye thamani ya dola 250. Mzungu hakuwekewa sharti hilo. Hapo naomba tusipite haraka. Mtu huru, analipa kodi, anaambiwa sauti yake itahesabiwa akishakuwa na ardhi. Basi wakaitafuta ardhi. Uchumi wa Marekani ulianguka mwaka 1837, na bei za viwanja zikashuka. Mwaka uliofuata, kuli wa bandarini aitwaye James Weeks akanunua viwanja kutoka kwa Henry C. Thompson, mweusi mwenzake. Wengine wakafuata, na mahali pakachukua jina lake. Kwangu mimi, hati ile ya kiwanja ilikuwa nyumba na kura kwa pamoja.

Kufikia miaka ya 1850 wakazi walikuwa wamepita 500. Walikuwa na makanisa yao na shule yao. Mwaka 1866 lilitoka gazeti, *Freedman's Torchlight*, ambalo liliwachapia alfabeti na masomo ya kusoma watu waliotoka utumwani juzi tu. Mfanyabiashara mmoja wa nyama ya nguruwe, Sylvanus Smith, alikuwa miongoni mwa wamiliki wa ardhi wa mwanzo. Binti yake Susan, aliyezaliwa 1847, alihitimu udaktari mwaka 1870 akiwa wa kwanza darasani. Daktari wa kwanza mwanamke mweusi katika jimbo lile, na wa tatu nchi nzima.

Julai 1863, ghasia zilizuka Manhattan kwa sababu ya sheria ya kuandikishwa jeshini kwa lazima, na makundi yakawageukia watu weusi, yakaua na kuchoma. Waliokimbia, baadhi yao walivuka maji wakaja kujificha Weeksville. Kijiji kilichoanzia kwenye hati za viwanja kikawa kimbilio.

Kisha mji ukakua. Daraja la Brooklyn lilifunguliwa 1883, mitaa mipya ikachongwa, nyumba zikabomolewa, wageni wakajaa. Karne ya 20 ilipofika katikati, hata jina lilikuwa limepotea midomoni mwa wengi.

Baada ya ile safari ya ndege, wakazi wa mtaa, wanafunzi na watoto walishika majembe wakafukua mabaki kabla ya matingatinga yaliyokuwa yakibomoa eneo hilo kumaliza kazi. Miongoni mwa vitu vilivyopatikana ni picha ya mwanamke, iliyopigwa juu ya bamba jembamba la chuma. Amevaa vizuri, anatazama mbele. Jina lake halijulikani. Anaitwa tu Bibi wa Weeksville. Watoto wa shule ya jirani walikwenda mbele ya tume ya jiji ya majengo ya kihistoria na vitu walivyofukua, na mwaka 1970 nyumba zile zikapewa ulinzi wa kisheria. Joan Maynard akazipigania kwa miongo mingi: paa, kuta, fedha, na walimu wa kuwaleta wanafunzi.

Ziko hadi leo, karibu na Bergen Street. Ukifika kwa barabara kuu utaona ubavu wa nyumba. Itabidi uzunguke, ukanyage nyasi za Hunterfly Road, ndipo uukute mlango.